Leso ya Mlangoni

JVC, Dubai
12 Mei 2024

Mishi, mke mwenzangu,

Nakusalimu wewe kwanza, halafu nyumba, halafu Joha jirani ambaye najua anachuma ndimu zangu. Mimi nipo. Miguu imevimba lakini inanibeba. Ile mvua ya mwezi uliopita iliyozamisha magari ilitufungia ndani siku nne, tukala dengu mpaka tukachukiana nazo. Sasa jua limerudi na hasira zake.

Anayeandika ni Harrison, mlinzi wa jengo letu, mtu wa Machakos. Ana mwandiko mzuri na kichwa kigumu. Nikisema neno la pwani ananiuliza maana yake, nikimwambia anacheka. Andika hivyo hivyo, Harrison. Ameandika.

Umeniuliza tena kwa nini sinunui simu ya kisasa. Ya nini? Wewe husikii, mimi sisomi. Kwa video nitakuwa natafuna hewa tu, na mdomo wangu huu usio na meno ya mbele hata wewe unayesoma midomo ya Mtwapa nzima hutaambulia neno. Nawe kusema umegoma. Joha ameniambia tangu mama yako afariki hujamtolea mtu sauti. Basi iwe karatasi. Mahfudh anakuja Deira kununua vitambaa vyake na kurudi Mombasa, atatubebea.

Sasa picha zako. Zimefika zote kumi, hazikujikunja, na Mzee Volkmar ameshapata habari zake.

Huyu mzee sijawahi kukueleza vizuri. Nilipomaliza kulea wale watoto watano wa Al Twar, madam wao akanikabidhi kwake, ni miaka sita sasa. Mjerumani, ana miaka themanini na moja, na maisha yake yote alikuwa mpiga picha za sinema. Siyo za harusi. Zile za ukumbini, watu wanakata tikiti. Alianza ana miaka kumi na nane, kazi yake kushika futi: anapima kutoka kwenye kamera mpaka kwenye jicho la mwigizaji, kisha anazungusha kioo ili uso usiwe na ukungu. Miaka mitano anapima macho ya watu. Ndipo akapewa kamera yake. Amepiga sinema kumi na moja. Moja ilipata tuzo, sanamu ya chuma nzito kama jiwe la kusagia, mimi nazuilia mlango wa roshani usipigwe na upepo. Yeye anasema sanamu hiyo haijawahi kufanya kazi ya maana kuliko hiyo. Kiswahili chake cha jikoni alikipata Voi mwaka 1984, alikaa miezi saba akipiga sinema ya watu wa reli. Sinema ikafa, wenyewe waliishiwa. Kiswahili kikabaki.

Nikamwambia, mjukuu wangu anataka kuingia chuo cha sinema Nairobi, wanataka picha kumi na barua ya mtu wa kazi hiyo. Akasema lete. Tukakaa mezani baada ya alasiri, picha moja moja, mpaka chai ikapoa. Akasema hizi nyingine ni picha nzuri, lakini hii ya jikoni ndiyo picha. Akasema aliyeuweka mlango pale anajua nuru inavyoingia nyumbani kwa watu. Na ile ya ndoo chini ya mfereji, akasema wekundu ule umekaa peke yake kama mtu aliyegombana na nyumba nzima.

Nimeyarudia kama alivyoyasema. Barua atakuandikia, amekubali. Wewe kula. Mahfudh ameniambia umebaki shingo.

Bibi yako Ummulkheir,
kwa mkono wa Harrison


Mtwapa
9 Juni 2024

Bibi yangu,

Shikamoo. Joha anakusalimu na anasema ndimu anaokota zilizoanguka tu. Bati la uani nimelitia lami, halivuji. Mimi bado niko kwa Nassir, picha za pasipoti: ukuta mweupe, taa mbili, kivuli kisionekane. Anasema hakuna anayefuta vivuli kama mimi. Ananisifu kwa kitu ninachokichukia.

Barua yako nimeisoma mara nyingi hadi imechakaa kwenye mikunjo. Mwambie mzee asante. Kuna kitu kimenifanya nicheke peke yangu studio, wateja wakanitazama. Picha zangu zote nimezichapisha nyeusi na nyeupe, Bibi. Ndoo ile imetoka kijivu. Nilipoipiga niliipiga kwa sababu ni nyekundu, na nikasikitika karatasi haitaonyesha. Yeye ameuona wekundu. Nimeiweka mbele yangu siku tatu nikijaribu kuona anachokiona. Nafikiri ndivyo anavyokuwa mtu aliyepima macho ya watu miaka mitano, rangi haimfichiki hata ndani ya kijivu.

Kwa hiyo nina maswali, nawe usiniruke. Picha ya tatu, mikono ya muuza mihogo, giza limezidi? Alizishika pembeni au katikati? Alitumia kioo cha kukuzia? Na ile ya jikoni, alisema nini mara ya kwanza tu, kabla hajafikiri?

Nauliza kwa sababu hii ni nafasi ya mwisho. Mwaka jana kile chuo kingine kilinirudisha getini, waliuliza kiziwi ataelekezwaje. Hiki kimesema kitatazama picha na barua kwanza, mtu baadaye. Lakini hawachukui aliyefika miaka ishirini na saba, na mimi nafika Machi. Mwisho wa kupeleka ni tarehe thelathini Agosti. Nikikosa hapa, ni ukuta mweupe mpaka nizeeke.

Wako,
Mishi


JVC, Dubai
21 Julai 2024

Mishi wangu,

Idd ilipita salama. Nilipika pilau, Mzee akala sahani mbili, Harrison akala tatu na kubeba nyingine. Anasema mbili. Andika tatu.

Joto la huku sasa ukitoka nje ni kama mtu amekufungulia tanuri usoni. Hatutoki. Tunakaa na mikebe yake ya mikanda ya sinema. Iko thelathini na minne, imepangwa chumba cha pili hadi dirishani, na nyumba nzima inanuka siki. Nilipokuja mara ya kwanza nilidhani kuna achari imeoza, nikatafuta siku mbili chini ya vitanda. Kumbe ni mikanda inajiozea yenyewe. Mzee aliwaandikia watu wa makumbusho ya sinema kwao wamchukulie. Wakajibu mikanda imeshajikunja, haipiti tena kwenye mashine, asante sana. Barua hiyo binti yake alimsomea kwa simu kutoka Ujerumani, akamwambia khalas, imekwisha, baba, tupa. Mzee akatia mikono mfukoni, akaenda kukaa na mikebe yake.

Hukuuliza sinema yake kubwa ni ipi, nakwambia. Ni ile ya ziwa. Alingoja ukungu siku kumi na tisa, wenye sinema wakimtukana, waigizaji wakilala garini. Ulipokuja, akawasha taa moja tu ng'ambo ya ziwa, akapiga dakika nne. Anasema hizo dakika nne ndizo kazi yake, mengine yote yalikuwa kufika pale na kutoka pale. Baadaye wakaja vijana wanaopiga haraka, yeye akabaki kuitwa kupiga matangazo ya sabuni na manukato. Mwaka 2006 ndipo akaja huku, kupiga matangazo ya majumba ya Marina kabla hayajajengwa. Anakwambia yalikuwa maboksi juu ya meza, na mchanga ulikuwa sukari ya kahawia. Anayamulika asubuhi ya uongo, jioni ya uongo, watu wanatazama na kununua. Mengine yalijengwa, mengine mpaka leo ni uzio. "Nimewauzia watu jua, Umma." Ananiita hivyo, Umma. Nikamwambia kuna walionunua vibaya zaidi.

Nimekutilia ndani kipande cha mkanda wa ziwa, amekukatia mwenyewe. "Mwambie atazame anavyotazama msichana wa picha," amesema.

Maswali yako ni mengi kama ya polisi wa mpakani. Alizishika. Kwa nini asizishike. Muuza mihogo hana neno, mikono yake inaonekana kama mikono ya mtu anayefanya kazi, ulitaka nini tena? Kula ulale.

Barua hii hapa. Alisema kwa Kiingereza maneno yake mwenyewe, Harrison akapiga chapa kwenye mashine ya ofisini kwao, Mzee akatia saini. Saini imekwenda upande kidogo. Ni uzee.

Nakuombea kila sala, na baina ya sala pia.

Bibi yako


Mtwapa
3 Novemba 2024

Bibi,

Shikamoo. Hapa ni wazima. Joha alilazwa siku mbili kwa sukari, ametoka.

Waliniita Nairobi tarehe kumi na sita Oktoba. Nilikwenda na Trinah, niliyesoma naye shule ya viziwi. Yeye anasikia kidogo na amesomea ukalimani wa ishara. Mezani walikuwa watatu. Walitandaza picha zangu zote, na barua ya mzee wako pembeni. Mwanamke wa katikati alikuwa na uso mzuri. Aliniuliza habari za nuru, nikamjibu, akaandika. Bibi, kwa robo saa nilikuwa ndani.

Halafu akavuta picha ya jikoni, akanisomea mstari wa barua. Nakuandikia kama mikono ya Trinah ilivyosema: "Mwanamke aliyesimama mlangoni, nusu yake kivulini, ndiye sababu ya picha hii. Mwenye kujua kumweka mama yake pale hana cha kufundishwa na mimi." Akaniambia, tuonyeshe huyo mwanamke.

Nilidhani nimeielewa vibaya mikono ya Trinah. Nikamwomba arudie. Akarudia. Mlangoni pana leso imetundikwa, ile kanga ya mama, niliyoiacha kwenye msumari wake tangu siku aliyofariki. Hapana mtu. Nilimwambia hivyo. Akasoma mstari wa pili, wa wekundu wa ndoo, akaigeuza picha kuelekea kwangu. Kijivu. Aliyekuwa kulia akacheka, sikuhitaji mkalimani. Akanyanyua barua akawaonyesha saini, imeanzia katikati ya ukurasa na kumalizikia nje ya karatasi. Waliuliza nani ameiandika barua hii. Waliuliza mara tatu. Mara ya tatu Trinah aliteremsha macho kabla hajanifasiria, ndipo nikajua wanadhani nimeighushi.

Jibu limekuja kwa barua pepe siku sita baadaye. Mistari miwili. Wamesema nisiombe tena.

Kile kipande cha mkanda nimekiinua kwenye taa ya studio. Hakina ziwa. Hakina chochote, kimepauka mwanzo hadi mwisho.

Nina swali moja tu na sitaki habari nyingine. Huyu mtu alizitazama picha zangu?

Mishi


JVC, Dubai
24 Novemba 2024

Mjukuu wangu,

Barua imefika. Pole kwa Joha, mwambie apunguze chai ya maziwa. Huku baridi imeanza kuingia, tunafungua madirisha. Nimepika dengu. Mzee hajambo. Mahfudh amenunua vitambaa vya Idd mapema, anasema bei nzuri.

Watu wale wa Nairobi ni wapumbavu na mama zao hawakuwalea.

Harrison ameweka kalamu chini ananitazama. Ananiambia, nyanya, mwambie. Nimemjibu kazi yake ni mkono, siyo mdomo. Ameshika tena.

Miguu inauma leo. Nitakuandikia.

Bibi yako


JVC, Dubai
19 Januari 2025

Mishi,

Leo sikusalimii mtu. Keti chini usome, na usiinuke mpaka mwisho.

Hakuzitazama. Mzee Volkmar haoni. Macho yalianza kuharibika mwaka wa pili nilipokuja kwake, katikati ya jicho shimo, pembeni vivuli, halafu na vivuli vikaondoka. Miaka mitatu sasa hajui usiku na mchana ila kwa ngozi. Tulificha. Binti yake akijua angempeleka kwenye nyumba ya wazee kwao, na visa yangu iko chini ya mzee, ikifungwa yake yangu imekwenda. Mwanamke wa miaka sitini na nne hapati kafeel mwingine wa kumdhamini. Binti akipiga simu ya video mimi nakaa pembeni ya kamera, mkono wangu begani kwake. Nikibonyeza anatabasamu. Nikivuta anageuka kushoto. Alikuwa hodari, miaka yote alikaa mbele ya waigizaji.

Na kazi yangu hasa haikuwa kupika. Kila alasiri aliniuliza, "Umma, nuru iko wapi?" Nami nikamwambia: imefika kwenye ukuta wa jirani, sasa imegusa kiti, sasa ni ya rangi ya chai, sasa ni ya rangi ya chai iliyomwagika. Mwanzo nilijibu ovyo. Akanifundisha kutazama. Mimi ambaye herufi A siijui nikawa macho ya mtu wa sinema kumi na moja. Usinicheke, nilijivuna.

Basi picha zako zilipokuja nilifanya kazi yangu. Nilimwambia kilichomo. Ndoo nilimwambia nyekundu kwa sababu ndoo hiyo niliinunua mimi, Kongowea, na ni nyekundu. Ningesemaje kijivu? Mlangoni nilimwambia yupo mwanangu. Sikumdanganya. Wallahi Mishi, nilipoitazama nilimwona Zulaika, nusu ndani nusu nje, anavyosimama akitaka kukuuliza chumvi iko wapi na hataki kuonekana hajui jikoni kwake. Niliitazama muda mrefu. Sikuona leso. Mpaka barua yako ilipokuja nikaitafuta ile picha, nikaona leso.

Na hili lingine ulipate pia, maana sitaandika mara ya pili. Mama yako alipofariki, Desemba 2021, nilikuambia ndege zimefungwa. Za kuja huko zilikuwepo. Za kurudi huku ndizo zilizofungwa. Nikahesabu ada yako, nyumba, dawa, na huyu mzee ambaye wiki hiyo alikuwa ameungua mkono kwenye jiko akitafuta kishikio. Nikachagua. Nilikaa huku nikimwelezea Mjerumani nuru huku mnamtoa mwanangu mlangoni. Sikumwona akitoka. Labda ndiyo maana kwangu bado amesimama pale.

Ya mkanda nayo. Kabla sijautia kwenye bahasha niliuinua dirishani. Sikuona ziwa. Aliponiuliza, nikamwambia lipo, na ukungu upo, na taa moja ng'ambo. Mikebe yote thelathini na minne niliifungua kwa zamu, kila mmoja nikamwambia upo, upo, upo. Ilikuwa imekwisha yote.

Binti amejua. Mwezi wa kumi na mbili alipiga nikiwa chooni. Akamwonyesha kwenye simu picha ya mbwa wake aliyekufa, mzee akasema, "Mtoto mzuri, anafanana nawe." Siku ya tano alikuwa mlangoni kwetu na sanduku. Hakunifokea. Alinishukuru kwa huduma, vile wanavyomshukuru mtu wa lifti. Mikebe Harrison aliishusha kwa toroli hadi kwenye mapipa ya chini, safari nne. Sanamu ya mlango amenipa mimi.

Uwanja wa ndege Mzee akanishika mkono, "Umma, nuru iko wapi?" Ndani mle hamna jua, ni taa tu kutoka juu, watu hawana hata vivuli. Miaka yote hiyo nilimpa nuru hata siku ya vumbi. Siku hiyo nilichoka. Nikamwambia, hakuna, Mzee, ni taa. Akatikisa kichwa kama mtu aliyeambiwa bei. Wakamsukuma kwenye kiti chake. Hakugeuka, angegeukia nini.

Barua yako ya chuo niliiua mimi. Sikuombi unisamehe, nimekuambia tu ujue ni nani. Nimepewa siku thelathini, narudi tarehe kumi na sita Februari, khalas, sirudi huku tena.

Ninaloliomba ni moja. Leso ile usiiondoe mlangoni mpaka nifike. Nataka nisimame pale uliposimama na kamera, nitazame kwa macho yangu. Nijue kama nitamwona au nitaona leso.

Bibi yako


Mtwapa
17 Januari 2025

Bibi,

Shikamoo. Nimengoja barua tangu Novemba. Iliyokuja ulinieleza dengu. Kwa hiyo swali langu nimelijibu mwenyewe.

Nakuandikia kukujulisha mambo ya nyumba. Kamera nimemrudishia Nassir, ilikuwa yake. Amenipa chumba nyuma ya studio, nimehamia huko tangu mwanzo wa mwezi, na ufunguo wa nyumba uko kwa Joha. Kazi ni ile ile, ukuta mweupe. Nimeacha kuuchukia.

Kabla sijatoka nilisafisha jikoni. Leso ya mlangoni niliishusha. Sikutaka mtu mwingine asimame pale. Niliifua, ikatoa rangi maji matatu, kisha nikaikata vitambaa vya kufutia lenzi za studio. Pamba yake ni nzuri, haikwaruzi.

Usinunue kitu cha kuniletea.

Mishi


JVC, Dubai
9 Februari 2025

Mishi,

Barua zetu zimepishana. Nilimtilia Mahfudh mfukoni yangu ya kukuomba leso, ndipo akakumbuka kunipa yako. Harrison aliisoma mpaka kwenye vitambaa, akaishusha karatasi, nikajua. Nikamwambia soma. Akasoma.

Umekata, umekata. Ningekuwa wewe ningeichoma.

Sanduku limefungwa. Ni dogo, miaka ishirini na moja na bado nalibeba mwenyewe. Ndani mna sanamu ya chuma imeviringishwa kwenye buibui. Binti wa Mzee alimpigia Harrison juzi. Mzee yuko kwenye nyumba yao hiyo, anakula vizuri, haongei na mtu. Kila alasiri anauliza kitu kwa lugha wasiyoijua.

Leso ile nilimnunulia mama yako mimi, mwaka niliokuja huku, kabla sijapanda ndege. Niliipendea rangi. Alipoifungua akacheka sana, nikamwuliza imeandikwa nini, akasema nikirudi atanisomea. Nikirudi likizo nasahau kuuliza, naye anasahau kusema. Ikaenda hivyo. Na sasa maji matatu, na mkasi.

Kama kuna kipande chenye herufi, kitafute. Nitafika Jumapili jioni. Usiandike kwenye karatasi, Harrison atakuwa mbali na Joha haoni bila miwani. Kilete mwenyewe, uje unisomee kwa mdomo. Hata likiwa neno moja, hata nusu ya neno. Sauti yako huisikii wewe. Mimi nitaisikia.

Usipokuja, nitachukua ufunguo kwa Joha.

Bibi yako Ummulkheir